Panda Ukiwa Kidato cha Kwanza, Ule Kabla ya Mtihani

(Mazungumzo haya yalitolewa kwa klabu ya afya ya shule moja ya sekondari ya kutwa mjini Dodoma. Mzungumzaji ni muuguzi. Tumeyachapa kama alivyoyasema, tumepunguza vicheko tu.)

  

Nimepewa dakika arobaini, na kwenye karatasi mada yangu imeandikwa "Bustani na Afya". Nilipoiona nilicheka kidogo, maana najua wewe uliyekaa kule nyuma umeshaanza kusinzia. Bustani tena! Si ndiyo adhabu ya wachelewaji hapa shuleni? Basi tulia, mimi sikuja kukupa adhabu. Nimekuja kukueleza jambo lililonipata mwenyewe nilipokuwa na umri kama wako, halafu tutaingia kwenye miti.

Mwaka 1994 nilikuwa Kidato cha Tatu. Nilianza kuchoka. Si uchovu wa kulima au wa kutembea, hapana. Nilikuwa naamka asubuhi nimeshachoka. Nikipanda kilima cha kwenda shule, moyo unadunda kama ngoma na pumzi inakata. Darasani nasinzia kipindi cha kwanza, si cha saa nane mchana kama wewe. Mwalimu mmoja aliniita mvivu mbele ya wenzangu. Marafiki zangu wakaanza kunong'onezana, eti nina mimba. Wasichana mnajua neno hilo likianza kutembea shuleni halirudi nyumbani. Mimi sikuwa na mimba wala sikuwa na rafiki wa kiume, lakini nani atakusikiliza?

Siku moja nikaanguka kwenye paredi. Nyumbani majirani wakasema nimerogwa. Bahati yangu mama hakuwa mtu wa mambo hayo, akanishika mkono mpaka zahanati. Yule muuguzi alinivuta kope la chini akaangalia, akafungua viganja vyangu akaangalia, akanichoma kidole akapima. Damu ilikuwa imepungua. Nilipewa vidonge vya madini ya chuma na dawa ya minyoo. Halafu akaniuliza swali ambalo sijalisahau mpaka leo: "Nyumbani mnakula nini?"

Nikamwambia: ugali, mlenda, maharage mara mojamoja, na chai ya rangi. "Na matunda?" Nikamshangaa. Matunda si ya wagonjwa? Si mtu analetewa machungwa akilazwa?

Sasa sikiliza kichekesho. Nyuma ya choo chetu ulikuwepo mpera. Ulikuwa unazaa mpaka mapera yanaoza chini, ndege na mbuzi wanashiba. Sisi watoto tulikatazwa, kwani bibi alisema mbegu za mapera zinaleta kidole tumbo. Kwa hiyo mimi nilikuwa naanguka paredini, na dawa yangu, au niseme nusu ya dawa yangu, inaoza nyuma ya choo.

Kwa nini nasema nusu? Hapa ndipo penye elimu, chukua daftari. Madini ya chuma ndiyo mwili unayotumia kutengeneza ile rangi nyekundu ya damu inayobeba hewa. Yamo kwenye nyama na dagaa, na yamo pia kwenye mchicha, matembele, maharage na kunde. Shida ni kwamba chuma kilichomo kwenye mboga na maharage ni kigumu kufyonzwa na mwili. Unakula, lakini sehemu kubwa inapita tu. Ukila pamoja na kitu chenye vitamini C, katika mlo uleule, mwili unafyonza zaidi. Na ukinywa chai pamoja na chakula, unafyonza kidogo zaidi ya hapo, maana chai ina kitu kinachoshikana na chuma na kukizuia. Hebu angalia mlo wangu wa mwaka 1994: maharage na chai ya rangi. Nilikuwa najenga kwa mkono huu na kubomoa kwa mkono ule.

Vitamini C tunaipata wapi? Kila mtu atajibu: machungwa. Ni kweli, lakini pera moja linalishinda chungwa mbali sana. Gramu mia moja za pera zina vitamini C karibu mara nne ya gramu mia moja za chungwa. Papai linayo, embe linayo, ubuyu unayo. Ila ukiichemsha vitamini C, sehemu kubwa inaharibika. Ndiyo maana juisi ya ubuyu iliyochemshwa kwa muda mrefu siyo sawa na unga wa ubuyu uliokorogwa kwenye maji safi ya baridi. Na ule ubuyu mwekundu wenye sukari na rangi, unaouzwa hapo nje ya geti, huo ule kama pipi. Usiniambie ni matunda.

Mnaweza kudhani upungufu wa damu ni ugonjwa wa watu wachache. Utafiti mkubwa wa taifa wa mwaka 2015-16 ulipima damu za wanawake wa Tanzania wa miaka 15 hadi 49. Kati ya kila 100, walioonekana na upungufu wa damu ni 45. Yaani hesabu benchi la wasichana uliokaa nao, ujiulize ni wangapi. Wasichana tunapoteza damu kila mwezi, na huku bado tunakua. Lakini wavulana msicheke, malaria na minyoo ya safura haviulizi jinsia. Ile minyoo ya safura huingilia kwenye ngozi ya miguu, hasa ukitembea peku mahali palipochafuliwa na kinyesi. Nitarudi hapo, maana tunakwenda bustanini.

Kabla sijaendelea, nisieleweke vibaya. Kama unaona dalili kama zangu, moyo kwenda mbio, kizunguzungu, viganja na ndani ya kope kuwa vyeupe, nenda zahanati ukapimwe. Usikae nyumbani unakula mapera ukisubiri. Wengine wana seli mundu, na hao matibabu yao ni mengine kabisa. Mti ni wa kukuzuia usifike nilikofika mimi, na kukusaidia usirudi huko ukishapona.

Haya, tuingie kwenye miti. Vijana wengi nikiwaambia wapande mti wa matunda hujibu: "Dada, mpaka uzae mimi nitakuwa nimeshaolewa." Au wavulana: "Nitakuwa nimeshahama." Wanafikiria mwembe wa kokwa, ule wa kusubiri miaka sita au nane. Mimi huwa napanga miti kwa vidato.

Mpapai ni mti wa mwaka mmoja. Ukiupanda ukiwa Kidato cha Kwanza, ukatunzwa na kupata maji, ukiwa Kidato cha Pili unakula. Kuanzia kupanda mche mpaka papai la kwanza kuiva ni kama miezi tisa hadi kumi na miwili. Mpera wa kubebeshwa au mwembe wa kubebeshwa, kama miaka mitatu hivi: panda Kidato cha Kwanza, onja kabla ya mtihani wa Kidato cha Nne. Sisi wa Dodoma tunao pia mzabibu. Kipande cha mti kikiota vizuri, unaweza kupata vichala vya kwanza kama baada ya mwaka mmoja na nusu au miwili, na huku kwetu zabibu huvunwa mara mbili kwa mwaka. Uupitishe juu ya chanja, uwe kivuli cha kusomea.

Mpapai nitausema kwa urefu, maana ndio wa maskini na ndio unaosamehe makosa. Chukua mbegu za papai tamu, liwe la mti unaoujua. Zisugue kwenye majivu au mchanga mpaka ule utelezi wa nje utoke, zianike kivulini siku chache. Jaza udongo na samadi iliyooza kwenye viriba au makopo yaliyotobolewa chini. Panda mbegu mbili au tatu, mwagilia kidogo kila siku. Zitaota baada ya wiki mbili hadi nne. Miche ikifika urefu wa rula yako, wakati wa kuihamishia nje umefika, na bora iwe mwanzoni mwa mvua. Kwetu mvua ni msimu mmoja, unaanza kama Desemba, kwa hiyo kitalu chako kianze Septemba au Oktoba. Nani ataniambia kwa nini? Hesabu wewe mwenyewe.

Sasa siri ya mpapai. Kuna mipapai dume, jike na yenye jinsia zote mbili. Mche mdogo haukuambii ni upi. Watu wanapanda mmoja, wanaumwagilia miezi sita, unatoa maua marefu yanayoning'inia kama shanga, na hakuna papai. Wanasema wamelogwa. Hujalogwa, umepanda dume. Maua ya jike hukaa karibu na shina, manene, kila moja peke yake au machache. Kwa hiyo panda miche mitatu au minne shimo moja, iache mpaka itoe maua, halafu bakiza mmoja wa kuzaa na kung'oa mingine. Kama una mipapai mingi, acha dume mmoja kwa uchavushaji. Na kitu kimoja mpapai hausamehi: maji yanayotuama. Mizizi inaoza, mti unalala chini ukiwa na mapapai juu. Usiupande pale maji ya bombani yanapokusanyika.

Kwa miti mingine kama mwembe na mpera, chimba shimo la sentimeta 60 kwenda chini na 60 upana. Jamani, siyo kishimo cha kuzikia kifaranga. Udongo wa juu, ule mweusi, uweke upande mmoja. Udongo wa chini, upande mwingine. Changanya ule wa juu na debe moja au mawili ya samadi iliyooza, urudishe kwanza. Samadi mbichi inaunguza mizizi. Chana kile kiriba cha nailoni ukitoe. Msicheke, nimeshaona mche umepandwa na nailoni yake, umedumaa miaka miwili, mizizi imejizungusha kama mfungwa. Kwa mti wa kubebeshwa, pale ulipounganishwa pawe juu ya udongo. Matawi yanayochipua chini ya hapo yakate, hayo siyo embe ulilonunua.

Maji je? Hilo ndilo swali la kila mtu wa Dodoma, na halina jibu tamu. Ndoo ya maji inanunuliwa. Lakini maji ya kuoshea mchele, mboga na matunda yanamwagwa kila siku uani. Hata maji ya kuogea yenye sabuni kidogo yanaufaa mti, ila usiyamwage kwenye mboga za kuliwa mbichi. Chimbia kisahani cha udongo kuzunguka shina, tandaza majani makavu ili jua lisinyonye unyevu, ila matandazo yasiguse shina, maana yanavuta mchwa na kuozesha gome. Miti miwili inayopata maji kila baada ya siku tatu ni bora kuliko miti kumi inayokufa kwa zamu. Hapa ndipo vijana wanaposhindwa: siku ya kupanda kuna picha na nyimbo, mwezi wa nane hakuna anayekumbuka mti ulipo. Mbuzi ndiye anakumbuka.

Naona mkono umenyooshwa pale. "Je, kama tumepanga?"

Asante sana, swali hilo nimelingoja. Mji huu umekua, na wengi wenu nyumbani ni vyumba viwili vya kupanga, ua ni wa watu sita. Wenye nyumba wengi hawapendi mpangaji apande mti wa kudumu. Wanaogopa kesho utasema kiwanja ni chako kwa sababu mwembe ni wako. Usigombane, na usipande kwa siri. Msalimie, umwombe kwa heshima, umwambie: "Shikamoo baba, naomba nipande mipapai miwili pale kwenye kona, nitaimwagilia mwenyewe, na wewe utakula." Mpapai siyo mti wa kuishi miaka mingi, hautishi mtu. Akikataa, bado una ndoo mbovu. Ndoo kubwa au kiroba kigumu kilichotobolewa chini kinaotesha pasheni, ukautambaza kwenye waya au uzio. Utazaa kabla au baada ya mwaka hivi. Siku ya kuhama, unahama na kiroba chako.

Hili la mti ni wa nani linanigusa, nitawaambia kwa nini. Mama yangu alipanda miembe mitano. Aliimwagilia kwa maji ya kubeba kichwani, sisi watoto tukimfuata na vikopo. Baba alipofariki, ndugu wa upande wake walikuja, wakasema ardhi ni ya ukoo na kilichomo juu yake ni cha ukoo. Mama hakuwa na karatasi hata moja, wala hakujua amwone nani. Tuliondoka. Msimu uliofuata nilipita pale nikaona maembe yanauzwa barabarani, ya miti ile. Niliyatambua kwa ladha, maana nilinunua moja. Ndiyo, nilinunua embe la mama yangu.

Sikusimulii ili ulie. Nakusimulia kwa sababu wavulana mtarithi na wasichana mtaambiwa mtaolewa. Sheria za Ardhi za mwaka 1999, ile namba 4 na ile ya Ardhi ya Vijiji namba 5, zinasema haki ya mwanamke ya kupata, kumiliki na kutumia ardhi ni sawa na ya mwanamume. Sheria ipo, lakini sheria haitembei yenyewe kuja uani kwenu. Kwa hiyo nyumbani muulizane wakati wazazi wote wako hai: kiwanja hiki kina karatasi gani? Jina la mama limo? Mwulizeni baba kwa adabu, wakati ameshakula. Ni swali la afya pia. Mama aliyenyang'anywa ardhi atalisha nini watoto?

Na msichana akipanda mti, mti ni wake kuutunza na kula. Nimeona nyumba ambazo binti anamwagilia, kaka anauza. Kaka, hebu jiangalie.

Sasa vichaka vyetu vya asili. Tukisema matunda, akili zinakimbilia tufaha la dukani lenye kikaratasi kilichobandikwa. Tufaha halina dhambi, lakini wewe mwenyewe umekulia kwenye ukwaju, ubuyu, kunazi, mikole na michongoma. Nani hajachuma kole njiani kutoka shule ya msingi? Nyama kidogo, mbegu kubwa, lakini tamu. Vitunda hivi vinakomaa vyenyewe bila dawa wala samadi, na miti yake inajua ukame wetu.

Huwezi kupanda mbuyu wa mbegu ukitegemea kula ukiwa shuleni, huo ni mti wa wajukuu. Lakini majani yake machanga ni mboga, na hayo hayakusubirishi miaka. Vichaka vya miiba ni jambo lingine. Mkunazi na mchongoma vinafaa kuwa uzio. Si mnajua, ukikwea mchongoma, kushuka ndiyo ngoma? Basi mbuzi naye anajua. Mchongoma una vitunda vya mviringo, vyekundu kuelekea zambarau vikiiva. Panda michache pamoja, maana mara nyingi nayo ina dume na jike, kama mpapai. Kwa hiyo uzio uleule unaolinda mpera wako unakupa na wewe cha kutafuna.

Mforosadi nauongeza hapa ingawa si wa asili ya kwetu, kwa sababu ni mti wa mtu mvivu. Unakata kijiti unene wa penseli, urefu wa sentimeta ishirini hivi, unakichomeka wakati wa mvua, macho mawili au matatu yabaki juu. Umemaliza. Forosadi zikiiva zinakuwa nyeusi na zinachafua shati la shule, kwa hiyo vaa nguo za nyumbani.

Sasa onyo, na hapa naomba wenye wadogo zao wasikilize. Nyumba nyingi zina uzio wa mbono kaburi. Mbegu zake zina ladha kama karanga, na watoto wanazila. Baadaye ni kutapika na kuharisha, na mtoto anaweza kuishiwa maji mwilini. Mkimbize zahanati, na mbegu zilizobaki nenda nazo. Ndulele nazo, zile za njano zinazovutia macho, zina sumu. Kanuni yangu ni rahisi: tunda la porini ambalo wazee wa hapo hawalili, na wewe usilile. Ndege akila siyo ushahidi, tumbo la ndege si lako.

Wataalamu wa kilimo mseto wa ICRAF, wenye makao Nairobi, wamefanya kazi nzuri na wakulima wa Kenya na nchi nyingine. Badala ya kuwaambia watu wapande mti mmoja wa mtindo, wanakaa nao na kuandika matunda ya mwaka mzima: mwezi huu kuna nini, mwezi ule kuna nini, na miezi ipi nyumba haina tunda kabisa wala chakula cha kutosha. Halafu wanachagua miti ya kuziba mapengo, ya kigeni na ya asili. Fanyeni hivyo hivyo hapa klabuni. Chora miezi kumi na miwili. Maembe utayaweka karibu na Krismasi na kuendelea. Ukwaju na ubuyu utaviweka kiangazi. Papai, ukiwa na maji, linaingia karibu kila mahali. Mwulize bibi yako kuhusu yaliyobaki, nina hakika atataja majina usiyoyajua. Shirika la Afya Duniani linashauri walau gramu 400 za matunda na mboga kwa siku, bila kuhesabu viazi na mihogo. Ukitazama kalenda yako utaona mwezi ambao hamfikii hata nusu. Mti wa mwezi huo ndio wa kupanda kwanza.

Niliahidi kurudi kwenye miguu. Bustanini vaa viatu, hata ndala zilizokatika ukafunga kamba, kwa sababu ya ile safura. Makopo na ndoo za miche zisibaki na maji, mbu wa homa ya dengi anataga humohumo, na Dar es Salaam iliona mlipuko wake mwaka 2014 na tena 2019. Tunda lililoanguka lioshe kwa maji safi, na mikono pia. Dawa ya wadudu usinyunyize kwa kubahatisha eti kwa sababu jirani ana chupa, mwone bwana shamba au bibi shamba. Hayo nimeyapitia haraka kwa sababu mnayajua, tatizo ni kuyafanya.

Swali la mwisho, nasikia kicheko pale, la mbegu za mapera na kidole tumbo. Mwanangu, ninafanya kazi hospitali miaka mingi. Watu wanakula mapera na mbegu zake maisha yao yote na wako salama. Ukila mapera kumi kwa mpigo, hasa mabichi, tumbo litafunga na utajuta, hilo ni kweli, na nadhani ndilo bibi aliloliona. Kula mawili, yaliyoiva, pamoja na maharage yako. Chai iache mpaka saa moja au mbili baada ya chakula. Mimi nilifanya hivyo baada ya kumaliza vidonge, bibi akiniangalia kwa jicho la pembeni. Mwezi wa tatu akaniomba pera.

Haya, nimeleta mbegu za mapapai kwenye bahasha hii, za mti wangu wa nyumbani. Mapapai yake ni marefu, ndani mekundu. Kila mmoja achukue mbegu kumi, asizidishe, tuko wengi. Ambaye kopo lake halijatobolewa chini, msumari na jiwe viko kwa mwalimu wa zamu. Majivu yako kwenye debe pale mlangoni. Anzeni na safu ya nyuma, nyie mliokuwa mnasinzia.